Changamoto za waimbaji wa kike nchini Tanzania

Changamoto za waimbaji wa kike nchini Tanzania ni vikwazo vinavyowakabili wanawake wanaojipatia riziki kwa kuimba, hasa hukumu ya jamii juu ya mavazi, mwili na mwenendo wao.

Jambo hilo si geni. Siti binti Saad, mzaliwa wa Fumba, Unguja, alibezwa kwa sura yake na asili yake ya utumwa, ingawa mwaka 1928 alisafiri hadi Bombay, Uhindi, kurekodi santuri za taarab.

Siku hizi hukumu hutolewa pia na vyombo vya serikali. Mnamo Januari 2021 Baraza la Sanaa la Taifa (BASATA) lilimfungia Gigy Money miezi sita kwa sababu ya vazi alilovaa jukwaani mjini Dodoma. Machi 2024 baraza la sanaa la Zanzibar lilimfungia Zuchu, binti wa Khadija Kopa, kwa muda kama huo baada ya onyesho lake huko Kendwa. Wanaume nao hufungiwa: mwaka 2018 ilikuwa zamu ya Diamond Platnumz na Rayvanny. Ila kosa lao lilikuwa kuimba "Mwanza", wimbo uliokwisha kupigwa marufuku, wala si nguo walizovaa.

Katika miezi hiyo sita msanii hukosa malipo ya maonyesho, na wachezaji wake hukaa bila kazi.