AFYA NYUMBANI: Maji ya Baridi, Maji ya Moto, na Mkono wa Upole



Juma hili twataka kuzungumza nanyi juu ya jambo lijulikanalo katika kila nyumba, nalo ni maumivu ya misuli. Akaaye Kilibula hana haja ya kuelezwa maumivu hayo ni nini. Mji wetu wa Uvira umebanwa kati ya milima ya Mitumba na ziwa la Tanganyika. Huku baba avuta nyavu za ndagala usiku kucha kwa mwanga wa taa. Huku mama ashuka mlimani na mzigo wa kuni au wa muhogo mgongoni, kamba ikimkaza kipaji cha uso. Na wale waliozoa matope na kubeba mawe baada ya mafuriko ya mto Mulongwe, mwezi wa Aprili 2020, hawajasahau asubuhi zile walizoamka wakishindwa hata kuinua mikono.

Jioni kila nyumba ina dawa yake. Mmoja ataka maji ya moto, mwingine atafuta barafu, na mwingine amwita jirani mwenye mikono ya nguvu aje amkande mpaka alie. Dawa hizo zote zaweza kusaidia. Lakini zaweza pia kudhuru, zikitumiwa pasipo wakati wake. Basi tuzitazame.

Maumivu yatoka wapi?

Wengi wetu tulifundishwa kwamba msuli uliochoka huuma kwa sababu ya asidi iliyobaki ndani yake. Kumbe asidi hiyo huondoka upesi baada ya kazi kwisha, lakini maumivu huzidi siku ya pili, na hata ya tatu. Basi sababu ni nyingine. Mwaka 1902 mtaalamu mmoja wa Marekani, Theodore Hough, alieleza kwamba maumivu ya namna hiyo yatokana na michubuko midogo mno ndani ya nyuzi za msuli. Mwili huitengeneza michubuko hiyo wenyewe kwa siku chache, na msuli huwa na nguvu kuliko kwanza.

Tena, liko jambo litakalowashangaza wanafunzi. Mwenye kupanda mlima huchoka na kuhema, lakini mwenye kushuka na mzigo ndiye huumia zaidi kesho yake. Kwa nini? Kwa sababu anaposhuka, misuli ya mapaja yavutwa na kurefuka wakati ule ule inapojikaza kuuzuia mwili usianguke. Na kazi ya namna hiyo huchubua nyuzi kuliko nyingine zote. Mama atokaye shambani mlimani hupanda asubuhi mikono mitupu na kushuka jioni na mzigo. Msimwambie basi kwamba kushuka ni kazi rahisi.

Baridi

Baridi yafaa hasa kwa jeraha jipya: kifundo cha mguu kimeteguka kwenye mawe, au mkono umegongwa na ubao wa mtumbwi, na mahali pameanza kuvimba. Hapo mgonjwa apumzike, mguu uinuliwe juu ya mto wa kulalia, na pawekwe kitu cha baridi kwa dakika 10 hadi 15. Baada ya saa mbili hivi yaweza kurudiwa. Barafu isiguse ngozi kamwe, bali izungushiwe kitambaa, kwa maana barafu nayo huunguza kama moto.

Aliye na barafu ni mwenye bahati. Asiye nayo asikate tamaa. Maji ya mtungi wa udongo ni ya baridi, kwa sababu machache hupenya udongo na kukauka kwa nje, na yakikauka hubeba joto na kwenda nalo. Kitambaa kilicholoweshwa na kupepewa hufanya vivyo hivyo. Lakini tahadhari moja: barafu iliyonunuliwa kwa ajili ya mguu isitiwe kinywani. Kipindupindu kimeujua mji wetu siku nyingi, na vijidudu vyake havifi kwa hakika eti kwa kuwa maji yamegandishwa.

Wala tusiisifu baridi kupita kiasi. Mwaka 1978 daktari Gabe Mirkin wa Marekani aliandika kanuni iliyoenea duniani kote: pumziko, barafu, kufunga bendeji, na kuinua kiungo. Miaka mingi baadaye yeye mwenyewe alisema kwamba barafu yaweza kuchelewesha kupona, kwa kuwa uvimbe huleta pamoja nao vitu ambavyo mwili hujijengea upya. Basi barafu hutuliza maumivu, haiponyi. Tuitumie siku ya kwanza au ya pili, kwa muda mfupi, kisha tuiache.

Moto

Joto halifai kwa jeraha jipya, kwa sababu huita damu nyingi mahali palipokwisha kuvimba. Faida yake ni kwa msuli uliokaza: mgongo wa mwenye kulima, mabega ya mvuvi, shingo ya mama aliyebeba mzigo kwa kamba. Joto hulegeza msuli, na damu hupita vizuri.

Loweka kitambaa katika maji ya moto, kikamue, ukiweke penye maumivu kwa dakika 15 hadi 20. Au kaanga chumvi kavu katika sufuria na kuifunga katika kitambaa kinene. Kabla ya kumwekea mgonjwa, jaribu kwanza kwa kiwiko chako mwenyewe: kama wewe hukivumilii, yeye pia hatakivumilia. Mtu asilale usingizi juu ya chupa ya maji ya moto. Na aliyepoteza hisi ya ngozi, kwa ukoma au kwa ugonjwa wa sukari, asiwekewe moto kabisa, kwa maana ataungua pasipo kujua.

Mkono

Kukanda ni dawa ya kale, na ni njema. Paka mafuta kidogo, hata mawese yafaa, ili mkono usichubue ngozi. Anza polepole kwa kiganja, ukielekea upande wa moyo: kutoka mkononi kwenda begani, kutoka mguuni kwenda pajani. Dakika 10 zatosha. Mgonjwa apumue kwa raha. Akikunja uso na kuuma meno, umezidisha nguvu. Wako wanaodhani kwamba kukanda kusikoumiza si kukanda. Hao wamekosea. Msuli uliochubuka haufaidiwi kwa kuchubuliwa tena.

Kesho yake mgonjwa asilale kutwa kitandani. Mwendo mdogo na kazi nyepesi hutuliza maumivu kuliko kukaa bila kujongea.

Tusimkande mgonjwa wa hospitali

Sasa twafika kwenye jambo kubwa. Si kila maumivu ya mwili ni ya kazi. Mtu arudi jioni, mifupa yote yamuuma, kichwa kizito, atetemeka. Nyumbani wasema: "Amechoka na mzigo." Wamkanda usiku huu, wamkanda na usiku wa pili. Kumbe ni malaria, na siku mbili zimepotea. Kama aliyepotewa na siku hizo ni mtoto mdogo, zaweza kuwa ndizo alizohitaji ili apone. Penye homa, tuache mafuta kwanza, twende kituo cha afya mgonjwa apimwe damu.

Tena, katika nchi zetu za joto uko ugonjwa wa usaha kuingia ndani ya msuli. Paja au tako huwa gumu, lina moto, lauma mahali pamoja, na homa hupanda. Hapo pasikandwe, mgonjwa ahitaji daktari na dawa za kuua vijidudu. Shavu la mguu mmoja likivimba na kuuma ghafula, hasa kwa mama aliyejifungua karibuni, yaweza kuwa damu imeganda ndani ya mshipa. Ukilikanda, donge la damu laweza kung'oka na kwenda mpaka mapafuni. Mkono uliopinda au usiobeba kitu baada ya kuanguka, huenda mfupa umevunjika. Ufungwe kwenye kijiti usijongee, mtu apelekwe. Na mtu aliyefanya kazi nzito mno, kisha mkojo wake ukawa mweusi kama chai ya rangi, anywe maji safi na kwenda kwa daktari siku ile ile, kwa sababu figo zake zimo hatarini.

Msamaria wa Injili alitia mafuta na divai katika majeraha ya mtu asiyemjua. Lakini hakuishia hapo, alimpandisha juu ya mnyama wake akamfikisha mahali pa kutunzwa. Mkono wake ulijua kazi yake, ukajua pia mpaka wake. Na mikono yetu iwe hivyo.

Na mama je?

Twamaliza kwa swali kwa akina baba. Katika nyumba nyingi baba akirudi kutoka ziwani huandaliwa maji ya moto, na mwana huitwa aje kumkanda mgongo. Ni vema, kwa maana amekesha kwa ajili ya watoto wake. Lakini mama aliyeshuka mlimani na mzigo, akachota maji, akapika, ni nani amwekeaye maji jikoni? Ni nani aulizaye kama shingo yamuuma? Tumekwisha kuona kwamba kushuka na mzigo huumiza misuli kuliko kupanda. Basi maumivu yake ni ya kweli, hata asipoyasema.

Siku mliyoweka nadhiri mbele ya altare mliahidiana kuwa pamoja katika afya na katika ugonjwa. Ahadi hiyo haikungoja ugonjwa mkubwa. Yaanza jioni hii, kwa sufuria ya maji na kitambaa safi. Wana wakimwona baba yao amwekea mama yao kitambaa cha moto begani, watakuwa wamejifunza somo la afya na somo la dini kwa pamoja. Na safari nyingine mzigo ukiwa mzito, mmoja wao atakwenda kuupokea njiani, kabla shingo ya mama haijaanza kuuma.

Mungu awabariki katika kazi zenu, na katika mapumziko yenu.