Kalamu Zenu Zimekwenda Wapi?

Waandishi wenzangu, acheni kunidanganya eti huku kwetu hakuna cha kuandika. Juzi nimepanda bodaboda kutoka Ruangwa hadi Nachingwea. Dereva akanionyesha yalipokuwa mashamba ya karanga ya Waingereza, yaliyoanza 1947 na kutelekezwa 1951. Hata reli yake iling'olewa. Kisha Farm 17, walikofunzwa wapiganaji wa FRELIMO chini ya Samora Machel, kabla Msumbiji haijapata uhuru 1975. Maelezo yote dakika kumi! Nikamuuliza, nani alikuwa akiwapikia vijana wale?

"Mimi nazungusha tu, braza."

Kule Kraków, Poland, watalii huzungushwa kwa vigari vya umeme mtaani Kazimierz, mtaa wa zamani wa Wayahudi, ambao wengi wao waliuawa na Wanazi. Bezeni mkitaka, semeni msiba umegeuzwa matembezi. Lakini mtalii yule ana vitabu vya kusoma akishashuka. Sisi tukishashuka tuna nini? Bibi zetu waliowaona wapiganaji wakipita tunawazika, nanyi mnatunga riwaya za mapenzi ya Masaki, ambako hamjalala hata usiku mmoja!

Mimi nimeanza na bibi wa jirani. Nina kurasa mbili, naye ameshaanza kusahau majina.