Unga wa Mahindi, Nanasi na Jani la Mgomba

Na Kulwa Masanja

Sehemu kubwa ya mananasi na ndizi zinazouzwa jijini Mwanza hupita Buhongwa kabla ya kufika sokoni, kwa kuwa barabara itokayo Usagara, ambako njia ya Shinyanga hukutana na ile ya Sengerema na Geita, huingia mjini kupitia kata hiyo. Na tangu Daraja la John Magufuli kati ya Kigongo na Busisi lilipofunguliwa Juni 2025, malori hayapangi tena foleni ya kivuko. Hata hivyo, wingi huo haujagusa upishi wa nyumbani. Nanasi humenywa likaliwa, ndizi iliyoiva kupita kiasi hutupwa, na unga wa mahindi hubaki kuwa wa ugali na uji. Safu hii inashikilia kwamba unga huo unastahili zaidi, na kwamba mfano wa kufuata unatoka Meksiko, asili ya zao lenyewe.

Chakula chenyewe huitwa tamale, yaani donge la mahindi lililokandwa kwa mafuta, likatiwa kitu katikati, likafungwa kwa maganda ya mahindi au jani la mgomba na kuivishwa kwa mvuke. Zipo za nyama na pilipili, na zipo tamu, za nanasi au zabibu kavu. Ufundi wa kufunga chakula kwa majani si mgeni huku: Waganda hufunga matoke vivyo hivyo, Wakongo wana chikwange ya muhogo, na Madagaska ipo koba ya unga wa mchele, ndizi mbivu na karanga.

Tofauti kubwa iko kwenye mahindi. Wameksiko huyachemsha kwa chokaa na kuyaacha yalale humo, maganda yakatoka na vitamini B3, iliyofungika ndani ya punje, ikaweza kufyonzwa mwilini. Wazungu waliochukua mahindi bila kuchukua ufundi huo waliugua pelagra, maradhi ya ukosefu wa vitamini hiyo, hususan kaskazini mwa Italia. Chokaa ya kupaka ukutani si ya chakula na isijaribiwe kamwe. Njia salama kwa Buhongwa ni mahindi mabichi yaliyosagwa, ambayo hata Meksiko hutumika bila chokaa katika tamale ziitwazo uchepo, au unga wa sembe uliomwagiwa maji ya moto.

Maji hayo lazima yawe yanachemka, kwa sababu unga wa mahindi hauna mnato wa ngano, na pasipo wanga wake kuanza kuiva donge humeguka mara jani linapofunguliwa. Samli hupigwa kwanza mpaka iwe nyeupe, kisha unga uliopoa huingizwa kidogo kidogo pamoja na chumvi na baking poda. Kipande kidogo kikitoswa kwenye glasi ya maji baridi kikaelea, hewa imetosha. Nanasi lililokatwa vipande vidogo hupikwa peke yake hadi maji yake yakauke, maana likitiwa bichi huloanisha donge, na ndizi mbivu ikipondwa pamoja nalo sukari haihitajiki. Jani la mgomba hubabuliwa juu ya moto mpaka rangi ing'ae na lilegee, likapakwa donge, likawekwa tunda na kukunjwa bila kubanwa, kwani donge huumuka. Nyuti za majani hutandikwa chini ya sufuria ili maji yasiguse vifurushi. Baada ya saa moja na zaidi, kifurushi kimoja hufunguliwa: donge likiachana na jani bila kung'ang'ania, limeiva.

Kikwazo cha kweli ni mkaa, na hakipaswi kupuuzwa. Saa nzima ya moto kwa vifurushi vinne ni hasara, ila sufuria moja kubwa hubeba vya familia na vya majirani, na vilivyobaki hupashwa kesho yake kwa chai. Aidha, jani lifunike sufuria mahali pa karatasi ya nailoni, ambayo wengi bado huifunikia wali na ndizi ilhali joto huilainisha juu ya chakula cha watoto; jani hilo hupatikana kwa jirani yeyote mwenye mgomba uani, na likishatumika hupewa mbuzi.