Aliyepewa Jembe Si Mgeni

Jina Kulamawe limeundwa kwa maneno mawili ya Kiswahili, ilhali huko Isiolo watu husema nyumbani Kiborana, Kisomali, Kiturkana, Kisamburu au Kimeru. Kila nilisikiapo hukumbuka kwamba Kiswahili cha Isiolo kilikuzwa na haja ya watu waliotoka pande mbalimbali kuelewana sokoni na kisimani.

Miongoni mwa waliofika ni askari Wasomali wa koo za Isaaq na Harti. Waliwatumikia Waingereza katika Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, na baada ya vita wakapewa makao Isiolo. Wakafuga, wakafanya biashara, wakazikana huko.

Hata hivyo, Novemba 1989 serikali iliwaamuru Wakenya wenye asili ya Kisomali wahakikiwe upya na kuandikishwa. Kwa miaka mingi baadaye, vijana wa kaskazini waliendelea kuhojiwa na kamati maalumu kabla ya kupata kitambulisho. Februari 2025 Rais William Ruto alitangaza kufutwa kwa uchunguzi huo wa ziada. Ni jambo jema. Lakini tangazo hufuta utaratibu. Mazoea ya karani aliye dirishani hayafutiki kwa siku moja.

Tazama Wahmong wa Laos. Nao walipigana vita kwa ajili ya taifa la kigeni, Marekani, na baada ya 1975 wengi wakakimbilia huko. Baadhi yao walianza kwa kulima mboga na kuziuza masokoni Minnesota na Wisconsin. Wajukuu wao waliozaliwa Marekani ni raia kwa kuzaliwa. Ubaguzi haukwisha, ila sheria haiwaulizi babu yao alitoka wapi.

Katika Kiswahili, neno moja, mgeni, hubeba maana mbili: anayetutembelea na tusiyemjua. Wahenga waliona hatari ya neno hilo kumganda mtu milele, ndipo wakaliwekea mpaka: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Jembe si kazi tu. Ni haki ya kuitwa mwenyeji.

Basi, mwalimu mwenzangu, ufundishapo methali hii, usiishie kwenye maana yake. Waulize wanafunzi: jamii iliyoshika jembe kwa miaka mia moja na zaidi, yaulizwaje tena imetoka wapi?