Tusiung'oe Ufuta kwa Kosa la Mwarobaini

Na mwanafunzi wa Kidato cha Tatu

Wahenga hawakukosea waliponena kwamba usiache mbachao kwa msala upitao. Methali hii tunaikariri darasani kila muhula, lakini mwaka huu nimeiona nyumbani kwetu kwa macho yangu. Ndiyo maana nimeshika kalamu.

Kwetu ni Busia. Nyanya ana kishamba nyuma ya nyumba. Humo hupanda ufuta, ambao wengi wetu huuita simsim, pamoja na kunde, mrenda na saga. Ukingoni pana mwarobaini mmoja mkubwa. Ng'ambo ya kijia ni miwa ya baba.

Muhula uliopita mdogo wangu alishikwa na homa. Nyanya alichemsha majani ya mwarobaini akampa anywe asubuhi na jioni. "Mti huu unatibu magonjwa arobaini, sembuse homa?" alisema. Siku ya nne mtoto akaanza kuweweseka. Baba akamkimbiza zahanati kwa bodaboda. Damu ilipopimwa ikaonekana ni malaria, tena kali. Alipelekwa hospitali akalazwa siku sita. Namshukuru Mungu, alipona.

Baba aliporudi alikuwa amefura kwa hasira. Alisema mwarobaini ukatwe na kishamba chote kilimwe, kipandwe miwa. "Nimechoka na mambo ya kizamani!" Nyanya hakujibu neno. Tangu siku hiyo hata jina la mti ule halitaji.

Kwa maoni yangu, baba ana haki kuhusu dawa, lakini kuhusu ufuta amekosea. Nitaeleza.

Kwanza, hapana anayekana kwamba mimea ina dawa. Kwinini ilitokana na gamba la mti wa sinkona wa Amerika Kusini. Dawa za malaria tunazopewa zahanati siku hizi zina artemisinini, ambayo asili yake ni mmea wa China. Profesa Tu Youyou alipata Tuzo ya Nobel mwaka wa 2015 kwa kuigundua. Lakini yeye hakusema tu, "Wazee walisema, basi." Alisoma maandishi ya kale, kisha yeye na wenzake wakajaribu na kupima. Ndipo leo daktari anajua mgonjwa apewe kiasi gani na kwa siku ngapi. Kikombe cha nyanya hakina kipimo hicho, na malaria haingoji mtu. Kwa hivyo homa ikishika, ni zahanati kwanza! Mwarobaini tuuachie kazi nyingine. Nyanya hutia majani yake makavu ndani ya kunde za akiba ili wadudu wasizitoboe. Kazi hiyo haijamlaza mtu hospitalini.

Pili, ufuta si dawa ya kubahatisha. Ni chakula. Karibu nusu ya uzito wa mbegu zake ni mafuta, na aidha zina protini, chuma na kalsiamu. Hukomaa kwa miezi mitatu au minne na huvumilia ukame. Je, miwa? Mwaka mzima unapita na zaidi kabla haijakatwa, kisha mkulima angojee malipo. Hapo katikati tutakula nini?

Nyanya hukata mashina kabla maganda hayajapasuka, kwani yakikaukia shambani mbegu zote humwagika. Huyafunga matita, akayasimamisha juani, halafu akayapindua juu ya turubai na kuyapiga kwa kijiti. Mbegu huzikaanga bila mafuta, akazisaga kwa jiwe na kuzichanganya na kunde. Jamani! Siku hiyo hakuna anayeuliza nyama iko wapi.

Tatu, na hapa najisema mwenyewe. Sisi wanafunzi wa kutwa hubeba chakula cha mchana. Nilipokuwa Kidato cha Kwanza, mwenzangu mmoja alifunua mkebe wangu akapaza sauti, "Huyu amebeba lami!" Darasa zima likaangua kicheko. Jioni nilimdanganya nyanya kuwa simsim inaniumiza tumbo, eti anipikie kabichi. Alinipikia kabichi kwa miaka miwili bila kulalamika. Mbona basi hao waliocheka huwaona wakinunua simsim ya sukari kituo cha matatu? Wasomi wetu hawaoni haya. Profesa Mary Abukutsa-Onyango wa Chuo Kikuu cha Jomo Kenyatta cha Kilimo na Teknolojia ametumia miaka mingi kuzitafiti mboga hizi hizi za kienyeji tunazozificha kwenye mikebe. Waama, aliyetangulia kuuacha mbacha wa nyanya si baba. Ni mimi.

Basi naleta pendekezo. Nyuma ya maabara pana kipande cha ardhi ambacho hakina kitu ila nyasi. Klabu yetu ya Kiswahili ishirikiane na wenzetu wa Kilimo, tupande humo ufuta, mrenda na saga. Kila mmoja wetu amwulize mzee wa kwao kuhusu mmea mmoja: jina lake, jinsi unavyopandwa na unavyopikwa. Tuyaandike kwa Kiswahili katika daftari la klabu. Mzee akisema mmea unatibu, tuandike pia, lakini mgonjwa tumpeleke kwa daktari.

Kishamba cha nyanya bado hakijalimwa. Baba anangojea trekta. Gazeti hili likitoka nitalipeleka nyumbani nimsomee baba, na nyanya akiwa amekaa hapo hapo asikie. Na wiki hii nimemwambia nyanya ukweli kuhusu tumbo langu. Alicheka sana, kisha akauliza, "Kwa hivyo kesho nikuwekee?"

Nilimjibu aniwekee, tena ijae mkebe.