Mwewe Aliyekosa Kifaranga Uhuru Park

Muhula huu niliwauliza wanafunzi wangu wa isimu swali nililodhani ni jepesi: kunyakua ni kufanya nini? Wote walijibu, bila ya kusita, kwamba ni kutwaa ardhi ya umma. Hakuna hata mmoja aliyemtaja mwewe. Ilhali wazee wetu walipolitamka neno hilo, walimwona ndege huyo akishuka uani ghafla na kupaa na kifaranga kuchani. Maana mpya imeimeza ile ya zamani, na nadhani haikufanya hivyo bila sababu.

Basi niwakumbushe walimu wenzangu pahali ambapo mwewe mmoja alikikosa kifaranga. Uhuru Park ilifunguliwa na Mzee Jomo Kenyatta tarehe 23 Mei 1969. Ina ukubwa wa hekta 12.9 hivi, nayo imepakana na katikati ya jiji la Nairobi. Ina ziwa dogo la kutengenezwa na mteremko wa nyasi ambapo mtu asiye na senti mfukoni anaweza kujinyoosha akiyatazama majumba marefu ya jiji. Baba alitupeleka huko tukiwa wadogo tukapanda mashua. Sikuwa nimeiona bahari, kwa hivyo kwangu ile ilikuwa bahari.

Mwaka 1989 chama tawala cha KANU, kupitia shirika la gazeti lake, kilitaka kujenga humo jumba la orofa 60. Marehemu Profesa Wangari Maathai aliandika barua huku na huko, akaenda mahakamani, akashindwa. Bungeni alikejeliwa. Hata hivyo barua zile ziliwafikia waliotarajiwa kutoa fedha, nao wakarudi nyuma. Mradi ukafa. Leo kijana anayelala nyasini mchana wa Jumapili hajui kwamba kitanda chake kiliokolewa kwa wino na stempu.

Sasa tuliangalie jina. Huru, neno tulilolipata kutoka Kiarabu, ni mtu asiye mtumwa. Ukilitia kiambishi u- unapata hali ya kuwa hivyo. Ni jina zito kwa bustani. Lakini katika bustani hiyo hiyo mna pembe iitwayo Freedom Corner, ambako akina mama wa wafungwa wa kisiasa walianza mgomo wa kutokula mwezi Februari 1992. Polisi waliwapiga tarehe 3 Machi, na baadhi yao wakavua nguo, laana nzito kuliko zote anazoweza kutoa mama. Kisha walihamia All Saints Cathedral, kanisa lililo jirani, wakakaa takriban mwaka mmoja. Wengi wa wana wao waliachiliwa mwaka 1993.

Kwa nini Freedom, na neno uhuru tayari limo katika jina la bustani? Rai yangu ni kwamba kufikia wakati huo neno letu lilikuwa limekwisha kutwaliwa na dola: lilikuwa la gwaride, la hotuba na la barabara kuu. Waliodai uhuru wa pili wakaazima neno la mkoloni kumdai mrithi wake. Kejeli gani kubwa kuliko hiyo?

Katiba mpya ilitangazwa rasmi katika bustani hii tarehe 27 Agosti 2010. Mwaka 2021 ilifungwa ili ikarabatiwe, na wakazi wakakaa muda mrefu wakiitazama kutoka nje. Siupingi ukarabati, bustani ilikuwa imechakaa. Kinachonikera ni jinsi tulivyonyamaza. Tunasema "mali ya umma" kana kwamba umma ni jamaa fulani tusiyemfahamu anayeishi ng'ambo, na kwamba ni yeye wa kuuliza lango litafunguliwa lini, nani aingie na kwa masharti gani. Kuku hulia amwonapo mwewe angali angani. Sisi tunangoja manyoya.

Niliwapa wanafunzi wale zoezi la kuitafsiri Freedom Corner. Mmoja aliandika "Kona ya Uhuru". Mwenzake akapinga: kona ni Kiingereza, heri Pembe ya Uhuru katika Bustani ya Uhuru. Nikamweleza kwamba hata bustani tuliipata kwa Waajemi. Wakabishana hadi kengele ikalia, nami sikuwazuia.