Ati Mtaliano Ndiye Alijenga? Tulia Kwanza

Wasee wa Lucky Summer, tuongee. Mathree za huku hazikosi Selassie: kama hajachorwa mgongoni, ako kwa kioo juu ya dere. Tishati, mkufu, simba na bendera. Poa. Sasa niambieni, huyo mzee alivishwa taji wapi?

Kimya.

Ilikuwa tarehe 2 Novemba 1930, kwa kanisa kuu la Kiorthodoksi la Mtakatifu Giorgis, Addis Ababa. Na ukilitaja tu, kuna jamaa lazima arushe: "Lakini si lilichorwa na Mtaliano?" Anasema akitabasamu, kama amekubamba.

Ni ukweli. Mchoro unahesabiwa kuwa wa Sebastiano Castagna, na waliofanya kazi ya mkono walikuwa Wataliano pia. Lakini hebu jiulize walikuwa wanatafuta nini Addis. Walikuwa wafungwa wa vita! Jeshi lao lilikuja kunyakua Ethiopia, likachapwa Adwa tarehe 1 Machi 1896. Menelik wa Pili akaagiza kanisa la kukumbuka huo ushindi, kwa jina la mtakatifu ambaye tabot yake, ule ubao mtakatifu unaowakilisha Sanduku la Agano, ilibebwa mpaka vitani. Yaani mwizi ameingia kwako, umemshika, umempa karai na mwiko akujengee ukumbusho wa siku uliyomshika. Halafu we unampigia makofi mwizi.

Na uangalie jengo lenyewe basi. Urembo wa nje, sawa, una Ulaya mingi. Lakini hesabu pembe: ziko nane. Makanisa mengi ya zamani ya nyanda za juu za Ethiopia ni ya duara, ukuta ndani ya ukuta kama kitunguu. Sehemu ya nje ni ya waimbaji, inayofuata ni ya kupokea komunyo, na katikati kabisa ni maqdas, pale tabot inakaa na makasisi pekee ndio huingia. Giorgis ya Addis inafuata mpangilio huo huo, duara limejengwa tu kwa kuta nyoofu. Castagna hakuja nao kutoka Italia. Aliukuta. Huku kwetu landilodi akimwambia fundi ngazi ikae hapa, vyoo pale, keja nane kila floo, hakuna mtu husema ploti ni ya fundi.

Kabla niache chuo, nilikaa darasa la historia ya ujenzi muhula mzima. Ugiriki ilipata wiki zake, Roma zake. Ethiopia ilipata slaidi moja: Bete Giyorgis ya Lalibela, kanisa lenye umbo la msalaba, lililochongwa kutoka juu kwenda chini kwa mwamba mmoja, miaka kama 800 iliyopita. Mwalimu akauliza kama kweli walichonga wenyewe. Karo yangu iliisha kabla swali lijibiwe. Wazushi huko nje wanawapa sifa hiyo askari wa msalaba kutoka Ulaya, bila ushahidi wowote. Mtu yeyote alijenga, bora asiwe mwenyeji!

Na tusijifanye ni wageni tu. Ukiuliza watu nani alichora KICC, anayejua atakutajia Mnorwe, Karl Henrik Nøstvik. David Mutiso, Mkenya aliyeichora pamoja naye, mnamruka.

Wale wa "ni ya Mtaliano" nawaachia hii. Wataliano walirudi na Mussolini, na mwaka 1937 mafashisti walilitia moto hilo kanisa. Kwani mtu huchoma sifa yake? Walijua vizuri sana ni la nani na linasema nini kuwahusu. Baada ya kufukuzwa mwaka 1941, Waethiopia wakalikarabati, na kazi ya kulipamba ndani ikapewa Afewerk Tekle, kijana wa Ankober.